Chokaa Badala ya Unga

Jumapili, Juni 9, 2019

Tumefika San Roque Tepantla saa tisa alasiri, magari mawili na lori la taa, na mvua ya kwanza ya mwaka ikatupokea kabla ya mwenyeji yeyote. Gaspar, mwongozaji wa filamu yangu, akatoa kichwa dirishani: "Baraka hiyo, Bi Leonila!" Ana miaka thelathini na mmoja, kwake kila kitu baraka. Mimi nina sitini na miwili na viatu vimelowa chepechepe.

Naandika shajara kwa sababu kila filamu niliyotengeneza niliikumbuka vibaya baadaye. Nimetengeneza tano kwa miaka thelathini na mitatu, zote nimeziandika mwenyewe na kuzihangaikia mwenyewe kama mama wa watoto wasio na baba. Ya tatu ilikaa sinema wiki moja, kila siku saa nane mchana. Nilipokwenda kuitazama tulikuwa watu wanne, wawili wameingia kukwepa mvua. Ya nne haijaonyeshwa popote hadi leo. Kati ya moja na nyingine niliandikia televisheni vilio vya wanawake matajiri, chini ya jina la mtu mwingine. Hii ni ya sita. Daktari wa macho kaniambia nisihesabu ya saba.

Mswada ni wa mama anayemngoja mwanawe aliyepotezwa. Mwishoni anakubali kwamba mwana amekufa, anamfanyia matanga bila maiti. Mwisho huo ndio filamu yenyewe. Ukiutoa, kinachobaki ni mwanamke amekaa mlangoni saa moja na nusu.

Juni 12

Mvua. Hatukupiga picha hata moja.

Juni 17

Mwigizaji wetu mkuu katukimbia. Kapata tamthilia mjini Mexico, miezi minane, gari la kumfuata nyumbani. Alinibusu mashavu yote mawili akasema mimi ni kama mama yake. Mama yako mzazi ungemwachia basi hata barua.

Gaspar hakufadhaika. Alikuwa mezani anakula, akanisukuma kwa kiwiko. "Mwangalie yule." Alikuwa anamwonyesha Bi Domitila, mama anayetupikia, mwembamba kama fito, nywele nyeupe kasuka mkia mmoja. Alikuwa anapakua maharage. Alitupakulia sote, kisha akachukua sahani ya bluu, akaijaza vizuri kuliko zetu, akaweka tortiya tatu, chapati za mahindi, juu na kufunika kwa kitambaa. Akaiweka mahali pasipo na mtu, mwisho wa benchi.

"Ya nani hiyo?" nikauliza.

"Ya Nabor," akajibu binti yake, Rufina, bila kugeuka kutoka jikoni. "Amechelewa kidogo. Miaka tisa."

Juni 18

Nimepata habari kamili. Nabor ni mwana wa Domitila. Mwaka 2010, Jumanne moja, alikwenda kununua betri ya lori mji wa jirani, akamwambia mama yake, "Niwekee chakula." Watu wa magari yasiyo na namba walikuwa barabarani siku ile. Basi. Tangu hapo kila mchana sahani inawekwa, na jioni kuku wanakula.

Nilimwomba aigize. Alicheka akaziba mdomo. "Mimi? Na mapengo haya?"

"Kubali, Mama," Rufina akadakia. Ana miaka arobaini, mabega ya kubeba magunia, ulimi wa kukwangua sufuria. "Kama ni kukaa mlangoni, umeshafanya mazoezi."

"Nyamaza wewe, mdomo kama chiriku."

Domitila akafikiri, akajifuta mikono. Akasema atafanya yote niliyoandika isipokuwa matanga. "Matanga ni ya maiti, Bi Leonila. Mwanangu si maiti. Ukiyaanzisha umemzika."

Nikasema sawa, tutatafuta njia. Sikuwa na njia yoyote. Simpendi Rufina, naona ni mwanamke asiye na huruma.

Juni 22, Jumamosi

Leo nimekwenda na Domitila kilimani. Kila Jumamosi anakwenda na kina mama wenzake, kumi na mmoja, kila mmoja na picha ya mtu wake aliyepotea shingoni. Mvua ikishalainisha ardhi ndiyo wakati mzuri, na pia ndiyo wakati kaburi lisilo na jina linapobonyea. Wanapigilia nondo hadi chini, wanaichomoa, wananusa ncha. Walinipa nami ninuse. Ilinuka udongo tu.

"Leo hakuna," alisema Domitila, na alifurahi. Wenzake wanatafuta wapate. Yeye anatafuta asipate, na akishakosa mahali anapafuta moyoni: hapa hayupo, basi yu hai mahali kwingine.

Juni 30

Siku tano za jua. Domitila mbele ya kamera ni maajabu. Hafanyi kitu, na huwezi kuondoa macho. Gaspar anamwita Malkia, naye anamwita "mtoto wa kufugwa na maziwa ya kopo." Nimelala vizuri mara ya kwanza tangu Machi.

Julai 4

Nimejaribu kuandika mwisho mwingine. Mama anakwenda mjini. Mama anapata barua. Mama anaanguka barabarani. Upuuzi mtupu, nimechana yote.

Julai 8

Nimemshawishi. Niandike nilivyomshawishi, nisije nikajisingizia mema baadaye.

Nilimkuta anasafisha mahindi machanga. Nikakaa chini nikamenya naye. Nikasema mwana wa kwenye filamu anaitwa Marcelino, si Nabor. Nikasema ni siku moja, si tisa, na novena ya siku moja si novena. Akatikisa kichwa.

"Na msalaba? Mtachora msalaba sakafuni?"

"Tutachora."

"Wa chokaa?"

Hapa kila anayekufa huchorewa msalaba wa chokaa chini, pale jeneza lilipolala, husaliwa siku tisa, na siku ya tisa chokaa hukusanywa na kupelekwa makaburini. Wanasema kivuli cha marehemu kimo ndani ya chokaa ile.

"Wa unga," nikasema, neno likaja lenyewe. "Unga wa ngano. Kamera haijui tofauti. Mungu anajua."

Akaacha kumenya. "Unga ni wa mkate," akasema polepole. "Hauziki mtu." Kisha: "Unaniapia?"

Nikaapa kwa Mama Maria. Nilikuwa nasema kweli. Nataka hilo liwe limeandikwa mahali.

Julai 15, Jumatatu

Naandika leo leo.

Tulipanga saa kumi na moja jioni, sebuleni kwa Domitila mwenyewe, kwa kuwa Gaspar alitaka kuta zile. Majirani thelathini na kitu walikuja kukaa kama waombolezaji. Mwombezi alikuwa Bi Casilda, ndiye anayesalisha matanga yote ya Tepantla, na nilimfundisha jina: Marcelino, Bi Casilda, Marcelino. Akasema, "Mimi si kiziwi." Msalaba nilimwachia Rufina auchore kwa unga niliomnunulia mwenyewe, kilo mbili. Domitila alikuwa chumbani. Gaspar alitaka auone msalaba mara ya kwanza kamera ikiwa inarekodi.

Mvua ilianza tunapowasha taa. Dari inavuja. Nilisimama nyuma ya kamera, bega kwa bega na Gaspar. Tone likaanguka juu ya mkono wa kushoto wa msalaba, halafu jingine, na nikanusa harufu ya ukuta uliopakwa chokaa jana. Unga ukilowa haunuki hivyo. Nikainua macho, na Rufina alikuwa ananitazama. Hakukwepa. Vidole vyake vilikuwa vimebabuka.

Nilijua. Kamera ilikuwa tayari inarekodi, na nilijua.

Domitila akaingia na shela nyeusi kama alivyoelekezwa, akasimama penye alama. Bi Casilda akaanza rozari. Ana sauti ya kukwaruza, sauti ya mtu aliyezika nusu ya mji. Akafika pa kutaja jina. Akavuta pumzi.

"Kwa ajili ya roho ya Nabor Cisneros Tovar."

Na sebule nzima, watu thelathini, bila kusita, kama waliongoja miaka tisa waulizwe: "Raha ya milele umpe, ee Bwana."

Gaspar alinigeukia. Mkono wake ulikuwa juu, mdomo wazi, neno "kata" liko ulimini. Ni filamu yangu. Hapa kwetu mwenye filamu akiwa nyuma ya kamera mwongozaji humsikiliza. Nikatikisa kichwa. Hapana. Usikate.

Domitila hakupiga kelele. Nilidhani hakusikia. Watu walikuwa wanalia kweli, wanaume pia, makamasi na yote, na yeye alipiga magoti taratibu kwa sababu mguu wa msalaba ulikuwa umekanyagwa na mtu. Akaanza kuutengeneza ukingo kwa kidole, kama anayenyoosha mto wa mtoto. Kisha akasimamisha kidole. Akakitazama. Akakiinua puani akakinusa, vilevile anavyonusa nondo.

Dakika saba. Katika miaka thelathini na mitatu sijapata picha kama hiyo. Nililia nilipokuwa naitazama, na katikati ya kilio nilikuwa nawaza: sasa ninayo, sasa ninayo. Mungu anisamehe, maana ndivyo ilivyokuwa.

Julai 16

Saa kumi na moja majirani wamekuja tena. Hatukuwaita. Wamekuja na sukari, kahawa, mishumaa, mkate, kila mmoja amempa Domitila mkono: "Pole sana, mama." Novena ikishaanza haiachwi njiani, hiyo kila mtu anajua, na mimi nilijua tangu niko tumboni mwa mama yangu.

Nilimvuta Rufina jikoni. "Umefanya nini? Tulikubaliana unga!"

"Nyinyi mlikubaliana. Mimi sikuulizwa."

"Umemuua mama yako."

"Mimi?" Akacheka, kicheko kibaya. "Mimi ni dada wa marehemu. Miaka tisa nakula na sahani ya mtu asiyekuja. Sikuolewa, nani atamwacha peke yake na benchi lile? Ndugu yangu nimemlilia bafuni, nimefungulia maji. Ndiyo, mimi nilimwambia Casilda. Nilitaka mtu amlilie kaka yangu kwa sauti, mara moja tu, na nyinyi mlileta watu na taa." Akainama kuchochea moto. "Na wewe uliona. Nilikuona ukiona. Mbona hukusema kata?"

Nilirudi sebuleni, na kwa kuwa tulikuwa na taa pale, tukapiga picha siku ya pili.

Julai 17

Siku ya tatu. Domitila amekaa kiti cha wafiwa. Sahani ya bluu haikutolewa kabatini.

Julai 19

Siku ya tano. Mvua imechukua kivuko cha chini.

Julai 23

Msalaba umeinuliwa leo. Kila sehemu ya msalaba inataka mama au baba wa kuisimamia: kichwa, mikono miwili, mguu, na moyo. Walikosa mmoja. Bi Casilda akasema mbele ya watu wote, "Mwenye kamera asimamie moyo. Yeye ndiye aliyetuita."

Ningeweza kukataa? Kwetu hapa jambo hilo halikataliwi, na zaidi ya hayo, niliona litakavyopendeza kwenye picha. Nikapiga magoti na ufagio mdogo na bakuli, nikazoa chokaa ya katikati, nikaimimina kisandukuni pamoja na maua. Tukakipeleka makaburini chini ya mwavuli, tukakizika kando ya baba yake Nabor. Sasa kuna msalaba wa mbao wenye jina lake.

Wakati wa kurudi Domitila alinishika mkono kwa mara ya kwanza baada ya siku tisa. "Komadre," akaniita. Ndilo jina letu tangu leo mpaka kufa, mimi na yeye. Ni udugu wa mbele ya Mungu, na komadre haambiwi hapana.

Julai 27, Jumamosi

Kina mama wa nondo wamepita barabarani asubuhi. Hawakusimama kwa Domitila. Mmoja alimpungia mkono kwa heshima, kama anavyopungiwa aliyemaliza shida zake. Jina la Nabor wamelitoa kwenye bango lao. Wamelitoa kwa nia njema.

Agosti 3

Kazi. Ukimwambia Domitila kaa, anakaa. Ukimwambia tembea, anatembea. Mbele ya kamera sasa hana kitu, uso umefungwa kama duka siku ya msiba.

Agosti 10

Nimegombana na Gaspar. Anataka kuitoa picha ile.

"Ni wizi, Bi Leonila. Tumemwibia mwanawe."

"Tumempa mwanawe kaburi. Muulize Rufina."

"Siongelei Rufina. Naongelea wewe. Mimi mkono wangu ulikuwa juu."

"Mwongozaji wa kweli angekata bila kunitazama," nikamwambia. Ilimwingia, niliona. Nilitaka imwingie.

Agosti 11

Gaspar haongei nami ila kupitia mtu wa sauti. Maharage yameungua.

Septemba 2

Gaspar kaondoka. Ameniachia karatasi: jina lake lisiwekwe kama picha ile itabaki. Nilimdhania ni mtoto, kila kitu baraka. Kumbe ndiye mtu mzima pekee tuliyemleta. Picha zilizobaki nitaongoza mwenyewe: mahindi, mlango, barabara. Macho yatavumilia wiki chache.

Septemba 15

Mji mzima umo uwanjani kwa sherehe ya uhuru. Nimebaki na Domitila. Nilimpikia uji wa mahindi, akanywa vijiko viwili akaniambia pole kwa kunisumbua.

Septemba 21

Rufina amekuja chumbani kwangu mchana, akasimama mlangoni na shela mkononi. Amekonda. Nilidhani anakuja kugomba, nikajiandaa.

"Mama hali chakula," akasema. "Hata nikimlisha hali. Nilidhani akishalia yataisha. Hakulia, unajua? Sisi wote tulilia, yeye hakulia." Akakaa kwenye ukingo wa kitanda bila kukaribishwa. "Jana amenigawia nguo zake. Hii ya harusi, hii ya kuzikiwa. Amezipanga mezani kama mtu anayefunga safari. Bi Leonila, mimi nilitaka kaka yangu afe. Sikutaka na yeye."

Nilimshika mkono. Ulikuwa mgumu na makovu meupe ya chokaa bado yapo vidoleni. Tulikaa hivyo, wanawake wawili wazima. Nilikosea kumwita asiye na huruma. Ni huruma yake iliyotufikisha hapa, na tamaa yangu ndiyo iliyoshika mlango.

Septemba 30

Mvua inapungua. Tumemaliza picha zote isipokuwa mbili.

Oktoba 5, Jumamosi

Domitila amekuja kwa miguu yake, akiegemea ukuta hatua kwa hatua. Nikatoka mbio kumpokea.

"Komadre, sijakuomba kitu tangu tuwe ndugu."

"Omba."

"Nimefikiri sana. Ile chokaa tumeifukia. Mvua imenyesha juu yake miezi miwili, imekwisha, imekuwa udongo. Majirani watasahau, wengine watakufa. Lakini kwenye mashine yako bado Casilda anamtaja. Kila ukifungua, anamtaja tena. Anazikwa tena." Alipumzika kuvuta hewa. "Iondoe. Ikitoka humo, haikutokea. Nitamwambia Mungu ilikuwa unga."

Nilimwambia bila picha ile hakuna filamu. Nilimwambia kweli tupu, kwamba ni ya sita na ya mwisho, kwamba sina mume wala mtoto wala nyumba, nina hii. Alinisikiliza kwa makini, kama unavyomsikiliza mgonjwa.

"Wewe una filamu," akasema. "Mimi nina Nabor. Kimoja lazima kife, komadre."

Nikaomba siku moja.

Oktoba 6, Jumapili

Nimempelekea diski baada ya misa. Kaboksi keusi, kadogo kama kitabu cha sala. Nikamfungulia kwenye kompyuta, akaona sebule yake, taa, na mgongo wake mwenyewe mwenye shela, akaziba masikio kabla Casilda hajafika kwenye jina. "Funga, funga." Nikafunga.

Rufina alikuwa ameegemea mlango. "Ni hiyo tu?" akauliza.

"Ni hiyo tu," nikasema.

Domitila akaiweka diski juu ya jiwe la kusagia mahindi, akashika mchi wa jiwe kwa mikono miwili. Yeye ambaye jana alikuwa hawezi kusimama bila ukuta. Akapiga mara moja, ikaruka. Rufina akaishikilia kwa kitambaa. Akapiga tena, tena, mpaka vikatoka vibati vinavyong'aa, akavisaga hivyo vibati, jasho linamtoka, anasema, "Ondoka. Ondoka humo, baba. Ondoka." Kisha akakaa chini, miguu imenyooka mbele, akaanza kucheka. Ilikuwa mara ya kwanza kusikia kicheko chake tangu Julai.

"Rufina! Nina njaa. Hakuna pilipili nyumba hii?"

Rufina akalia kwa sauti, akakimbilia jikoni. Akatoa sahani ya bluu kabatini bila kuambiwa. Mwanamke yule yule aliyechora msalaba kwa chokaa ndiye aliyeijaza leo, akaifunika, akaiweka mwisho wa benchi. Domitila alikula tortiya nne. Akanilisha moja kwa mkono wake, mdomoni, kama bibi harusi, akaniambia, "Mungu akulipe, komadre, kwa ulichokipoteza."

Sikupoteza kitu. Kila anayefanya kazi hii anajua kwamba kilichohifadhiwa mahali pamoja hakijahifadhiwa. Kila jioni tulinakili mara tatu. Diski ya pili ilikuwa ndani ya mkoba wangu, juu ya goti langu, nikila. Ya tatu iko mjini Mexico kwa Ximena, mhariri, tangu Julai.

Nilikwenda kwake asubuhi nikiwa nimekusudia kumpa zote mbili nilizokuwa nazo. Nataka hilo pia liandikwe, ingawa halisaidii kitu. Nilitia diski mbili mkobani. Nikatoa moja.

Oktoba 9

Tumefunga mizigo. Domitila ametoka na nondo yake kuniaga barabarani. Kina mama wamemrudisha kwenye kundi, jina la Nabor limeandikwa upya kwenye bango kwa rangi nyekundu. Amenenepa usoni, au naona vibaya.

Oktoba 28, mjini Mexico

Wiki mbili chumbani kwa Ximena, madirisha yamezibwa kwa blanketi. Leo tumefika mwisho. Dakika saba, hatukuzigusa. Ximena ana miaka ishirini ya kazi hii na nimemwona akitoka nje kuvuta sigara na kubaki huko. Aliporudi aliniuliza kama mama yule ameridhia, kwa sababu Gaspar alimpigia simu. Nikasema yule mama ni komadre wangu. Akaniuliza tena, "Ameridhia?" Nikasema, "Iache ilivyo."

Saa tano watu wa tamasha walipiga simu. Wameitazama nakala ghafi tuliyowatumia wiki iliyopita. Wanaitaka ifungue tamasha, ukumbi mkubwa, viti elfu moja na mia mbili. Mwanamume aliyepiga akasema hajapata kuona kitu kama kidole kile. Niliweka simu chini nikangoja furaha ije. Ximena akafungua chupa. Nikanywa.

Mchana simu ikalia tena, namba ya Rufina, lakini alikuwa Domitila, anapiga kelele kama wafanyavyo wasioamini kwamba waya unaweza kubeba sauti.

"Komadre! Sinema yetu mtaileta lini? Watu wananiuliza sokoni. Mkuu wa mji anasema ukuta wa shule utapakwa upya, mweupe, muonyeshee pale."

Nikasema bado kuna kazi.

"Fanyeni polepole, msiharibu. Mimi nitakaa mbele kabisa, nimeshamwambia Rufina. Viti viwili, kimoja asikikalie mtu. Akirudi kabla, lazima amwone mama yake alivyokuwa malkia." Akacheka. "Na mwisho mmeweka nini, baada ya kuutoa ule?"

Ximena alikuwa ameacha kubonyeza. Kwenye kioo cha kompyuta, Domitila amepiga magoti, kidole kiko njiani kwenda puani.

"Umekaa mlangoni," nikasema. "Unangoja."

"Vizuri. Ndiyo kweli yenyewe. Basi lini?"

Nikamwambia Machi. Akauliza Machi tarehe ngapi, nikasema kumi na nne, na nikamsikia akimwita Rufina aje na kalamu.